Kasha la Mpingo Nililolikana

Ruangwa, Jumapili alasiri

Mwanangu Bakari,

Wewe umekwenda Mbekenyera kumuaga bibi yako, na mama yako yuko jikoni anakukaangia karanga za njiani. Mimi nimejifungia chumbani na kalamu. Nimemwambia mama yako kwamba namwandikia mnunuzi mmoja wa Lindi. Ni uongo mdogo, lakini nauweka hapa mwanzoni ili ujue unayemsoma ni mtu wa namna gani.

Mambo ya safari sitayagusa. Lori litapita saa ngapi, Lindi ulale kwa nani, meli ukiipanda ukae upande gani, hayo mama yako amekwisha kuyasema mara tatu na kesho atayarudia. Mimi nina jambo moja tu. Kwa miezi miwili sasa umekuwa ukilibeba vibaya, na kosa si lako. Unaondoka ukiamini kwamba baba yako aliipima kazi ya mikono yako akaiona haitoshi. Sivyo, Bakari. Soma mpaka mwisho. Ukimaliza, kama ni kunichukia, unichukie kwa sababu ya kweli.

Karakana hii ilianzishwa na mjomba wangu, Mzee Abdala. Wewe ulimwahi akiwa amekwisha kuzeeka, macho yana utando, anakitambua kipini cha pua kwa kukizungusha vidoleni. Mimi nilimjua angali na nguvu zake. Alijifunza kufua fedha kwa fundi mmoja wa Kilwa, akarudi Ruangwa na nyundo mbili. Huku kwetu watu walikuwa wakiukata mpingo na kuuchoma mkaa. Yeye akaanza kuutia fedha. Alianza na vipini vya pua vya wanawake, akaja bakora za majumbe, vikopo vya tumbaku, vitana, na mwisho yale makasha madogo ya kuwekea dhahabu ya bibi arusi, yenye ua la fedha katikati ya kifuniko. Fedha aliipata kwa kuyeyusha rupia za zamani za Mjerumani. Ikafika wakati, kutoka Lindi mpaka Masasi, mtu mwenye jina lake haozi binti bila kasha la Mzee Abdala.

Alikuwa akituambia, "Mtu hununua jembe kwa sababu ana shamba. Hiki chetu hana shida nacho. Anakinunua kwa sababu anakuamini wewe. Ukimdanganya, umemuuzia nini?" Kwa hiyo hakuna kitu kilichopigwa alama yetu ya nukta tatu kabla hakijakaa ndani ya nyumba masika moja nzima. Magogo yenyewe yalilala kivulini miaka mitatu, minne, yamepakwa nta vichwani ili yakauke polepole.

Alitufundisha wawili, mimi niliye mtoto wa dada yake, na Issa, mtoto wake wa kumzaa. Tulikuwa marika. Tuliingia jando siku moja, tukala sahani moja. Siku moja mjomba alituwekea vipande viwili vya mpingo, akasema kila mtu achague chake atengeneze kifuniko. Mimi nikakimbilia kile cheusi zaidi. Issa akavigonga vyote viwili kwa ukucha, akasikiliza, akavirudisha chini.

"Mbona huchukui?" mjomba akamuuliza.

"Bado vina maji, baba. Tungoje mwakani."

Mjomba alitoka nje akaenda kunawa uso, akakaa huko kitambo. Wakati ule nilifikiri amekasirika. Sasa nina umri wake, na naelewa. Alikwenda kuificha furaha yake na huzuni yake pamoja, maana alikwisha kuona kwamba anayeijua kazi siye atakayeirithi.

Unaijua desturi yetu Wamwera. Mali ya mtu hufuata tumbo la mama. Mjomba hurithiwa na mpwa wake. Issa alikuwa wa nyumba ya mama yake, huko Lionja. Mimi ndiye niliyekuwa wa nyumba ya mjomba. Hakuna aliyeuliza swali, wala Issa mwenyewe.

Alipokuwa anakata roho, mjomba alituita wote wawili. Alisema kwa Kimwera, taratibu, akipumzika kila baada ya maneno mawili. Akaniambia, "Selemani, mlango nakuachia wewe. Ndivyo watu wetu wanavyofanya. Lakini Issa asitoke kwenye mlango huo mpaka atake mwenyewe."

Nikamwambia, "Sawa, mjomba. Yeye na mimi ni kitu kimoja."

Nililisema kwa moyo wangu wote. Hilo ndilo linaloniuma kuliko yote.

Sasa nikueleze kurithi kunakuwaje, kwa sababu watu wa nje huona kanzu tu. Kuanzia siku ya arobaini sikushika patasi tena kwa raha. Kila asubuhi mafundi kumi na wawili walinitazama uso kabla ya kuwasha moto, wajue siku itakuwaje. Ndugu walinijia na misiba yao, arusi zao, na kesi zao za mashamba. Nikipita sokoni, watu walinipisha njia. Na mimi humo ndani ya ile kanzu nilikuwa na hofu moja usiku na mchana, kwamba siku moja mtu atagundua kuwa mwenye karakana si fundi mkubwa wa karakana. Wanunuzi walinisalimia kwa adabu, kisha wakachungulia nyuma ya bega langu. "Issa yupo?" Jumbe mmoja wa Lionja, mzee wa watu, asiye na fitina, aliniambia usoni, "Wewe ndiwe mwenyewe, bwana, lakini kasha langu mpe yule." Nikacheka. Nikaenda chooni nikasimama humo mpaka nisikie ameondoka.

Issa hakunifanyia lolote. Sikiliza vizuri hapo. Hakunidharau hata mara moja. Mbele ya wanunuzi aliniita "mkubwa". Tukibaki wawili alinionyesha kosa langu kwa kulisahihisha, bila neno, kama mtu anavyomtoa mwenzake unyasi kwenye nguo. Wivu wangu ulijilisha wenyewe.

Ndipo Wazungu wa mradi wa karanga wakaingia Nachingwea. Wewe ulikuwa umeanza shule, unakumbuka vumbi lile na matrekta yale. Porini kukawa mji. Wakaja watu wa kila kabila kutafuta kazi, treni ikafika, yakajengwa majumba ya mabati. Nami nikasema, hii ndiyo bahati yangu. Karakana ilikuwa ya Mzee Abdala, sifa ilikuwa ya Issa, lakini duka la Nachingwea litakuwa la Selemani. Nikalifungua, na dirisha la kioo mbele. Nilivaa viatu vyeusi siku nzima. Memsahibu walitaka visanduku vya sigara. Mabwana waliokuwa wanarudi kwao likizo walitaka bakora, na walizitaka wiki hiyo hiyo.

Mpingo wetu mkavu ukaisha ghalani. Lakini mpingo mbichi ulikuwa umelala kila mahali, miti iliyoangushwa kwa ajili ya mashamba, yeyote na akate apendavyo. Nikaleta lori zima Ruangwa. Issa akaweka kiganja chake juu ya gogo moja, akanitazama.

"Selemani, mti huu juzi ulikuwa na majani."

"Wazungu hawajui tofauti."

"Mti unajua."

"Basi kaa na mti wako," nikamwambia, "sisi wengine tunafanya kazi."

Hakugombana. Aliendelea na kazi za watu wa kwetu, kwa mbao chache alizokuwa ameziweka kando. Nukta tatu kwenye kazi zangu za haraka alikataa kuzipiga. Nilizipiga mwenyewe.

Mwaka huo yule jumbe wa Lionja alikuwa ameagiza kasha la binti yake. Aliagiza mapema, kama watu wa zamani. Issa alilimaliza likakaa masika yake, likatoka zuri ajabu. Wiki mbili kabla ya arusi, memsahibu mmoja aliliona nilipolipeleka Nachingwea kulionyesha dirishani. Akalitaka. Nikampa. Nilikuwa nimekwisha kuwa mtu wa namna hiyo. Kumwambia Issa nikaogopa, nikaamua kutengeneza jingine mwenyewe, humo humo nyuma ya duka, kwa mpingo mbichi. Na nikuambie kitu ambacho sijamwambia mtu. Nilipokuwa nalitengeneza nilifurahi. Niliimba. Nilikuwa nataka angalau kasha moja katika nchi hii liwe la mikono yangu, na jumbe aje kulisifu bila kujua. Lilipoanza kutoa ufa mwembamba upande wa chini, niliuziba kwa nta iliyochanganywa na masizi, nikasugua, likang'aa. Nikapiga nukta tatu. Arusi ikapita. Jumbe akalisifu.

Kiangazi kilipokaza, kasha likapasuka. Lilipasuka katikati ya kifuniko na kulipasua ua la fedha vipande viwili. Jumbe akaja nalo Ruangwa mwenyewe, limefungwa kwenye kanga ya binti yake. Ilikuwa siku ya soko na karakana imejaa watu. Akalifungua juu ya meza. Hakupiga kelele. Binti alikuwa amerudishiwa maneno ukweni, wakisema kwamba kasha la arusi kupasuka ni mkosi, na kwamba baba yake amemnunulia takataka. Mzee alikuwa na aibu, siyo hasira.

Akauliza, "Hili alitengeneza nani?"

Watu wote wakanitazama. Issa alikuwa kwenye moto, ana koleo mkononi. Ningeweza kusema sijui. Ningeweza kusema karakana imekosea. Yapo maneno elfu, Bakari, na tangu siku ile nimeyapata yote.

Nikasema, "Issa."

Jumbe akageuka polepole. "Wewe? Mimi nilikuwa nasema mkono wako haukosei."

Issa alilitazama kasha. Alijua mara moja, kama wewe ungejua, si lake hata kidogo, hata ua halikuwa lake. Kisha akanitazama mimi. Nilimwona anafikiri. Sasa najua alikuwa anafikiri nini. Alikuwa anapima nyumba ya baba yake. Akisema kweli, mwenye mlango ni mwongo mbele ya soko zima, na jina la Mzee Abdala limekwisha. Akaiweka koleo chini.

"Nisamehe, mzee," akamwambia jumbe. "Limenipita."

Watu walipotawanyika alisafisha nyundo na tupa zake, akazipanga juu ya meza moja moja. Nikamwambia, "Chukua, ni zako." Akasema, "Za karakana." Akavaa kofia yake akatoka. Ulipoulizia habari zake nilikuambia baba yako mdogo Issa amechoka na kazi za moto, amekwenda kulima kwao. Ukaniamini.

Miaka iliyofuata unaijua. Karanga zilishindikana, Wazungu wakapakia vitu vyao, Nachingwea ikapungua watu mpaka ukawa unasikia mlango ukigongwa nyumba ya tatu. Nikafunga duka. Makasha yangu ya haraka yalipasuka Ulaya huko, sikusikia malalamiko yao. Ila ya huku niliyasikia. Watu wa Chunyu, wa Lionja, wa Mbekenyera walikuwa wameacha kuja. Wakiniona walisema, "Tangu fundi wenu aharibu kazi, tumeona tungoje." Fundi wetu aliyeharibu kazi! Nikawa nameza hiyo na wali.

Mara moja nilikwenda Lionja kumtafuta. Nilimkuta kivulini nyuma ya nyumba anachonga mipini ya majembe. Alikuwa amekonda. Mipini ilikuwa imepangwa ukutani, imesuguliwa laini kama bakora za majumbe. Tukaongea habari za mvua, za mihogo, za nguruwe wa porini. Mkewe, Mwanahawa, akaleta uji. Nilikuwa nimetoka nyumbani na neno la kuomba radhi limekaa tayari mdomoni. Nilipolifungua domo langu, nikasema nini? Nikasema, "Rudi, Issa. Au kama hutaki kurudi, fanya kazi hapa hapa kwako, mimi nitachukua usiku, hakuna atakayejua."

Akaendelea kuchonga.

"Mpini wa jembe nao unashikwa na mtu," akasema.

Nilipanda baiskeli yangu nikarudi. Sikwenda tena. Baada ya mwaka na kitu ikaja habari kwamba homa imemchukua na kwamba amezikwa siku tatu zilizopita. Nikafika matangani. Jumbe alikuwepo, amekaa jamvini na watu wengi wa Lionja. Mmoja akasema, marehemu alikuwa fundi hodari, ila mwishoni mkono ulimpotea. Wengine wakaitikia, ndiyo, mkono ulimpotea. Mimi nilikuwa nimekaa katikati yao, Bakari. Nilikuwa na ulimi, na pumzi, na mtu mwenyewe amekwisha kufa, hakuna tena ushindani. Nikasoma fatiha pamoja nao nikainuka.

Nije kwako sasa.

Ulipokuwa na miaka kumi na minne ulikaa kwenye kigoda kile, ukashika kipande cha mpingo, ukakigonga kwa ukucha na kukisogeza sikioni. Hakuna aliyekufundisha. Damu yako na ya Issa zinakutania mbali kwa babu yetu mmoja, kwa hiyo sijui ilitoka wapi. Niliogopa. Kisha nikafurahi, nikafanya kosa jingine. Nilikushika bega nikasema, "Haya yote yatakuwa yako." Sikuwa na haki ya kukuahidi. Nilijua desturi. Nilijua Rashidi, mtoto wa dada yangu Somoe, yupo Chunyu anauza dukani, na kwamba yeye ndiye. Lakini nilitaka kukuona uso ukifurahi, nikakupa kisicho changu. Miaka sita umefanya kazi juu ya neno hilo. Umeamka kabla ya mafundi. Kasha la mwaka jana, lile la mviringo, lilikaa masika yake bila kusogea hata unywele. Wanunuzi wa Chunyu wameanza kurudi, na wanarudi kwa sababu yako.

Halafu kifua changu kikaanza kunisumbua, Somoe akaitisha kikao cha ukoo ili mrithi atajwe ningali hai. Ulikuwepo, umekaa karibu na mlango, umevaa kanzu yako ya Idi. Wazee wakamtaja Rashidi. Mwalimu wa msikiti akasema, kwa upole, kwamba dini inamjua mtoto wa mtu, na kwamba baba akisema neno, kikao kinaweza kugawa, karakana kwa mmoja na mashamba kwa mwingine. Mzee mmoja akaniambia, "Sema wewe, Selemani. Kijana wako anaiweza kazi au haiwezi?"

Ulinitazama.

Nami nikasema, "Desturi ni desturi."

Hivyo tu. Uliinuka ukatoka, na tangu siku hiyo umenipa salamu na chakula na si zaidi.

Nilinyamaza kwa nini? Ndicho nilichokaa kukuandikia. Kama ningesema, "Mwanangu anaiweza, mpeni," mtu mmoja tu katika kikao angeuliza, "Basi na Issa je?" Kama mtoto wa kuzaa anaweza kurithi kwa sababu ya mikono yake, Issa alistahili, na mimi nilikaa kwenye kiti cha mtu. Na kama lingeinuliwa jina la Issa, na lile kasha nalo lingeinuliwa. Niliona njia yote ile kwa mara moja, kama mtu anavyoiona njia ya Lindi kutoka mlimani, na mwisho wake nilisimama mimi, mwongo. Nikachagua kukuumiza wewe. Sikuipima mikono yako hata kidogo. Mikono yako ni bora kuliko yangu, na kwa mbao ni sawa na ya Issa. Sijawahi kulisema hilo kwa sauti mbele ya mtu, na ndiyo maana unakwenda Dar es Salaam kumpigia randa Mhindi mmoja viti vya watu.

Rashidi usimchukie. Baada ya kikao alikuja kwangu, jasho linamtoka, akasema, "Mjomba, mimi mpingo siujui. Mwambie Bakari abaki, tutakuwa kitu kimoja." Maneno yale yale! Ulipokataa kubaki chini yake, watu walisema una kiburi. Mimi nililia kwa sababu unaondoka, na papo hapo nikashukuru, kwa sababu nilijua mimi na Issa tuliishia wapi tukiwa kitu kimoja.

Wiki tatu zilizopita, nilipowaambia nakwenda kuangalia magogo, nilikwenda Lionja. Mwanahawa alikuwa anaanika ufuta. Nikamwambia nikiwa nimesimama, kabla hajanipa kiti, maana kiti kingenirudisha kwenye habari za mvua.

"Shemeji, lile kasha la jumbe nilitengeneza mimi."

Akaendelea kutandaza ufuta kwa kiganja.

"Najua," akasema. "Issa aliniambia siku ile ile aliyorudi."

"Na hukusema kwa mtu?"

"Alinikataza. Alisema, Selemani atakuja kusema mwenyewe, tumngoje." Kisha akainua uso. "Ulipokuja siku ile ukanywa uji, nilijua umekuja kusema. Nilikaa nyuma ya mlango nisikie. Alipokuwa mgonjwa alikuwa akisikia kengele ya baiskeli njiani ananiambia, katazame nani. Mimi ningekusamehe leo, Selemani, lakini aliyekuwa anakungoja si mimi."

Nilirudi kwa miguu, baiskeli naisukuma, maana niliona sistahili kupanda.

Nilimweleza Somoe yote. Nilimwambia nataka kikao kirudiwe, niseme la kasha, niseme na la mikono yako. Shangazi yako si mtu mbaya, alilia kwanza. Halafu akasema, "Kaka, ukisema leo, nani atakuamini? Watasema Selemani anamtafutia mwanawe kiti, amemfufua maiti awe shahidi." Nikafikiri usiku kucha nikaona amesema kweli. Ukweli wangu niliuweka mpaka ukachacha. Ukitolewa wakati una faida kwangu, utanuka kama hila.

Kwa hiyo nimeamua hivi. Nitasema Ijumaa, baada ya sala, hapo Lionja, kwa jumbe na kwa watu wote waliokaa matangani. Wewe utakuwa umekwisha kupanda meli, na karakana itakuwa ya Rashidi mbele ya mashahidi. Hapo hakuna atakayesema natafuta kitu. Nimeinunua haki ya Issa kwa haki yako. Sijui kama ni sawa. Nimezunguka pande zote na sikupata njia ya kuwalipa wote wawili. Wewe u hai na una mikono. Yeye ana jina tu, na nililichafua mimi.

Huko uendako sijui utakuwa nani. Huenda utachonga viti mpaka uzeeke, huenda siku moja utakuwa na mlango wako na mafundi wakutazame uso asubuhi. Likifika hilo, na akawapo mmoja anayekushinda kazi, najua utakavyomwonea wivu. Utamwonea tu, wewe ni binadamu. Siku hiyo mtaje jina lake mbele ya wanunuzi, kwa sauti, kabla hujapata nafasi ya kufikiri. Mimi sikuweza. Nadhani kama ningefanya hivyo mara moja tu, mwanzoni kabisa, mengine yote yasingekuja.

Na ukipata mtoto, akikuonyesha alichokitengeneza, usimwahidi kitu. Mwambie kizuri, kama ni kizuri. Mimi nilikupa ahadi kubwa nikakunyima neno dogo, nawe ulikuwa unalitaka lile dogo.

Sikuombi urudi. Sikuombi hata ujibu. Mama yako mwandikie, yeye hana kosa, na akisomewa barua yako nitakuwa nimekaa pale kando nikisikiliza.

Kesho watu watakuwa wengi barabarani, wajomba zako, majirani, mafundi wote. Hatutaweza kusema kitu, na hata tungekuwa peke yetu najijua, ningeongea habari za mvua. Barua hii utaikuta ndani ya mfuko wa koti lako ukiwa umekwisha kuondoka. Kwa hiyo utakapokuwa unaisoma, jambo hili litakuwa limepita. Nilikushika mkono mbele ya watu, nikaushika muda mrefu kuliko baba wengine wanavyofanya, mpaka dereva akapiga honi. Kama uliuvuta, ulikuwa na haki. Kama hukuuvuta, basi jua ndicho kitu nitakachoishi nacho hapa.

Baba yako,
Selemani